Mstari Mweupe wa Coggins

Kiangazi cha mwaka 1947, katika uwanja wa mbio za farasi wa Rockingham Park, jimboni New Hampshire, Marekani, farasi wa bei kubwa walianza kuugua mmoja baada ya mwingine. Homa ilipanda ghafla, hamu ya kula ikakatika, tumbo na miguu vikavimba. Waliopata nafuu walirudiwa na homa baada ya muda. Kabla mambo hayajatulia, makumi ya farasi walikuwa wamekufa au wameuawa.

Ugonjwa wenyewe madaktari wa mifugo waliujua. Wakulima wa Marekani waliuita homa ya kinamasi, kwa sababu uliwasumbua sana watu waliofuga farasi kwenye maeneo yenye maji na nzi wengi. Jina la kitaalamu lilikuwa anemia ya kuambukiza ya farasi. Kilichowatatiza ni mahali ulipozuka. Farasi wa mbio hulala ndani ya banda, hupigwa brashi kila siku, hulindwa dhidi ya nzi kama watoto wa mfalme, na waliougua ni wale waliokuwa wakipata matunzo kuliko wote. Uchunguzi ulipofanyika, lawama ziliangukia sindano. Farasi walikuwa wakidungwa dawa kwa sindano ile ile, kutoka banda hadi banda, bila kuchemshwa. Aliyepata sindano nyingi ndiye aliyekuwa hatarini zaidi.

Naanza na Rockingham kwa makusudi, maana historia ya ugonjwa huu kwa kawaida husimuliwa kama historia ya nzi. Nzi anahusika, hilo halina ubishi. Lakini ukifuata maafa makubwa yaliyoandikwa, mara kwa mara unamkuta binadamu akiwa na sindano mkononi, tena nia yake njema.

Maandishi ya kwanza yanatoka Ufaransa. Mwaka 1843 daktari wa mifugo aliyeitwa Lignée alieleza ugonjwa uliokuwa ukiwakondesha farasi, ukiwaacha na utando wa macho na midomo uliopauka, miguu imelegea, na homa inayokuja na kuondoka. Kwa miaka mingi wataalamu walibishana. Wengine walidhani ni chakula kibovu, wengine kazi nyingi, wengine minyoo. Hatimaye mwaka 1904 Henri Vallée na Henri Carré walichukua damu ya farasi mgonjwa, wakaipitisha kwenye chujio chenye matundu madogo kiasi cha kuzuia bakteria, kisha wakamdunga farasi mzima. Akaugua. Kilichopita kwenye chujio hakikuonekana kwa darubini yoyote ya wakati huo, ila kilikuwepo. Anemia ya farasi ikaingia katika orodha fupi ya magonjwa ya kwanza ya wanyama kujulikana kuwa yanatokana na kirusi, miongo kadhaa kabla ya mtu yeyote kukiona kirusi kwa macho.

Miaka kumi baadaye vita vikuu vilizuka, na majeshi ya Ulaya yalikuwa bado yakitegemea farasi kuvuta mizinga na kubeba chakula. Wanyama kutoka kila pembe walirundikwa pamoja, wakachoka, wakaumwa na nzi wale wale. Mtu hahitaji kuwa mtaalamu kuona nini kilifuata.

Swali la nani anaupeleka ugonjwa kutoka kwa farasi mmoja hadi mwingine lilichukua muda zaidi. Huko Wyoming, mtafiti J. W. Scott alianza kuwajaribu wadudu wanaouma, na ushahidi ukazidi kumwelekea pange, yule nzi mkubwa anayeuma kama anayekata nyama. Ubaya wa pange uko katika maumivu yake. Mbu hunyonya taratibu na kuondoka ameshiba kabla hujashtuka. Pange akiuma, farasi hutingisha ngozi, hupiga mkia, hukanyaga chini kwa hasira. Nzi hufukuzwa kabla hajamaliza, na njaa humpeleka kwa farasi wa jirani huku midomo yake ingali na damu mbichi. Kirusi hakizaliani ndani ya pange wala hakikai humo muda mrefu. Kinasafiri tu, na baada ya saa chache kimekufa.

Damu anayobaki nayo pange mdomoni ilikuja kupimwa baadaye: takriban nanolita 10, yaani sehemu moja ya milioni mia ya lita. Ndani ya sindano iliyotoka tu kwenye mshipa hubaki mara nyingi zaidi ya hapo. Linganisha vitu hivyo viwili, na Rockingham inaeleweka.

Farasi akiwa kwenye homa kali damu yake hujaa virusi, na pange mmoja anaweza kutosha kuambukiza. Wengine hufa katika hatua hii. Wengi hupona, au tuseme huonekana wamepona. Homa hurudi mara kadhaa katika mwaka wa kwanza, kwa sababu kirusi hubadilisha protini za gamba lake la nje kila kinga ya mwili inapokaribia kukidhibiti. Kisha mashambulizi hupungua, farasi hunenepa, manyoya hung'aa, anarudi kazini, anazaa. Kirusi hakijaondoka. Kimo ndani ya seli za damu na kitabaki humo mpaka farasi afe, hata kama ni miaka 20 ijayo. Hana dalili hata moja, na akipata msongo au ugonjwa mwingine homa inaweza kuamka tena. Huyu ndiye mbebaji, na ndiye aliyewashinda madaktari wa mifugo kwa zaidi ya miaka mia.

Walimtambuaje katika miaka hiyo? Kulikuwa na njia moja ya uhakika, nayo ilikuwa ya kikatili na ya gharama. Unachukua damu ya farasi unayemshuku, unamdunga farasi mwingine mzima, kisha unasubiri wiki kadhaa ukimpima joto kila siku. Akipata homa, umejua. Umejua kuhusu farasi mmoja kwa kumpoteza mwingine. Hakuna serikali iliyoweza kusafisha nchi nzima kwa mtindo huo, na hakuna mfanyabiashara wa farasi aliyekubali kusubiri. Kwa hiyo wabebaji waliuzwa minadani, wakavuka majimbo, wakashiriki maonyesho, kila mmoja akiwa na cheti cha afya kilichosema ukweli mtupu: kwamba farasi huyu, kwa jinsi anavyoonekana, ni mzima.

Mlango ulianza kufunguka Japani miaka ya 1960, watafiti walipofaulu kukuza kirusi hicho ndani ya seli nyeupe za damu ya farasi maabarani. Kirusi kikishakuzwa, unaweza kuanza kutafuta namna ya kuzitambua kingamwili zake. Hatua iliyofuata ilitoka Ithaca, New York, katika Chuo Kikuu cha Cornell, kwa daktari wa mifugo aitwaye Leroy Coggins.

Msomaji wa Afrika Mashariki ana sababu ya kumjua Coggins hata kabla ya habari za farasi. Miaka ya 1960 alikuwa mmoja wa Wamarekani waliochunguza homa ya nguruwe ya Afrika, ugonjwa ulioandikwa kwa mara ya kwanza na Montgomery mwaka 1921 kutokana na vifo vya nguruwe wa walowezi nchini Kenya. Akiwa na mwenzake Werner Heuschele, alichapisha kazi kuhusu kirusi hicho ndani ya nguruwe wa msituni na ngiri. Ngiri hubeba kirusi cha homa ya nguruwe bila kuugua; nguruwe wa kufugwa akikipata, hufa. Mwaka 1966 wawili hao walieleza namna ya kuutambua ugonjwa huo kwa kutumia jeli ya agari. Siwezi kudai kwamba ngiri ndiye aliyempa wazo la farasi. Lakini mtu aliyekwisha kufanya kazi kuhusu mnyama mzima anayebeba mauti ya wengine, na mwenye jeli ya agari mkononi, alikuwa amejiandaa vizuri kwa swali la Ithaca.

Mbinu yenyewe haikuwa mpya. Msweden Örjan Ouchterlony aliielezea mwishoni mwa miaka ya 1940, na uzuri wake ni kwamba haihitaji mashine. Unamimina jeli ya agari kwenye sahani bapa, inaganda, unatoboa shimo moja katikati na mengine sita kulizunguka. Shimo la katikati unatia antijeni, yaani protini ya kirusi. Katika matatu ya pembeni, moja ukiruka moja, unatia seramu ya farasi anayejulikana kuwa na maambukizi. Katika matatu yaliyobaki unatia seramu za farasi unaotaka kuwapima. Kisha unafunika sahani, unaiacha kwenye unyevu, unakwenda nyumbani.

Usiku kucha vitu hivyo husambaa polepole ndani ya jeli, kila kimoja kikitoka shimoni mwake. Antijeni inapokutana na kingamwili zinazoifahamu, hushikana na kuganda, na mahali hapo hujitokeza mstari mwembamba mweupe kama ukungu. Baada ya saa 24 hadi 48 mpimaji huinua sahani mbele ya taa na kuitazama kwa pembe. Mistari ya seramu zinazojulikana lazima iwepo, la sivyo kipimo chenyewe ni kibovu. Kwenye shimo la farasi anayepimwa, mstari ukiendelea na kuungana na ule wa jirani bila kukatika, ana kirusi. Mistari ya jirani ikifika pale na kupita moja kwa moja kuelekea shimo lake, ni salama. Wakati mwingine farasi mwenye kingamwili chache hafanyi mstari wake mwenyewe. Anaupinda tu ule wa jirani kidogo karibu na shimo lake. Hapo ndipo jicho la mzoefu hutofautiana na la mwanafunzi.

Kazi ya awali, ambayo Coggins alichapisha mwaka 1970 pamoja na Neil Norcross, ilitumia antijeni iliyotolewa kwenye bandama za farasi waliouawa wakiwa katika homa kali. Baadaye maabara zilihamia kwenye kirusi kilichokuzwa katika seli. Protini inayokamatwa ni ile ya kiini cha kirusi, si ya gamba la nje. Gamba hubadilika kila homa, kiini hakibadiliki. Kwa hiyo kirusi kinachoikwepa kinga ya farasi mwaka mzima hakiwezi kuikwepa sahani ya jeli.

Kabla ya kukubaliwa, kipimo kililinganishwa na ile njia ya zamani. Matokeo yalilingana kiasi kwamba mwaka 1973 Wizara ya Kilimo ya Marekani ilikitambua rasmi. Watu wa farasi hawakusema jina refu la kitaalamu. Walisema Coggins. “Ana Coggins?” “Coggins yake imeisha muda.” Jina la mtu likawa jina la karatasi.

Karatasi hiyo ina mchoro wa farasi aliyetazamwa kutoka kila upande, bila rangi, na daktari anapaswa kuchora juu yake kila alama ya farasi aliye mbele yake: doa jeupe la paji la uso, soksi nyeupe mguu wa nyuma kushoto, kovu la begani, mahali manyoya yanapojizungusha. Ndipo anapotoa damu kwenye mshipa wa shingo, na kichupa na karatasi huenda pamoja maabara. Michoro hiyo ilikuwa na sababu. Mfanyabiashara mwenye farasi watano wa kahawia na cheti kimoja safi anaweza kushawishika, na wapo walioshawishika. Siku hizi picha zimechukua nafasi ya kalamu katika sehemu nyingi.

Miaka ya mwanzo, karibu farasi 4 kati ya kila 100 waliopimwa Marekani walikutwa na maambukizi. Kwa mwenye farasi, jibu hilo lilikuwa hukumu. Tiba haikuwepo, na hadi leo haipo. Chaguo lilikuwa farasi auawe, au apelekwe machinjoni kwa kibali, au atumikie kifungo cha maisha: atengwe angalau mita 180 kutoka kwa farasi wengine wote, umbali uliochaguliwa kwa kuwa pange aliyekatizwa mlo hutafuta mnyama wa karibu kuliko kuruka mbali. Kisha alipigwa chapa upande wa kushoto wa shingo au kwenye bega, namba ya jimbo ikifuatiwa na herufi A, au akachanjwa alama hiyo ndani ya mdomo. Mnyama huyo alikuwa anakula vizuri, anakimbia vizuri, anamfuata mtoto wa nyumbani akitafuta karoti. Kumwambia baba mwenye nyumba kwamba mstari wa ukungu kwenye jeli umemhukumu farasi huyo kulihitaji ujasiri, na wengi walikataa kuamini. Walisema kipimo kinaua farasi wazima ilhali hakuna aliyewaona wakiugua.

Hoja yao haikuwa ya kijinga. Mbebaji mtulivu ana virusi vichache sana kwenye damu, na uwezekano wa pange mmoja kuuchukua ugonjwa kwake ni mdogo mno. Wanasayansi wenyewe, akiwemo Charles Issel aliyetafiti jambo hili Louisiana na baadaye Kentucky, walitumia miaka wakipima hatari hiyo ni ndogo kiasi gani. Tatizo ni kwamba hakuna anayejua siku gani homa itaamka. Tena uwezekano mdogo kwa pange si mdogo kwa sindano. Nadhani serikali zilikuwa sahihi, ingawa ninaelewa kwa nini watu walitoka nje ya maabara wakilia.

Kesi ngumu kuliko zote ilikuwa ya watoto. Farasi jike mwenye maambukizi anapozaa, mtoto mara nyingi huzaliwa salama. Lakini akinyonya dang'a hupata kingamwili za mama yake, na akipimwa, mstari mweupe unatokea. Mtoto safi anaonekana mgonjwa. Dawa ya hapo ni subira: atengwe na mama yake baada ya kuachishwa ziwa, apimwe tena na tena mpaka kingamwili za kuazima ziishe, jambo linaloweza kuchukua miezi sita au zaidi. Wapo waliookolewa hivyo. Wasiokuwa na mwenye subira hawakuokolewa. Kosa la upande wa pili lipo pia. Farasi aliyeambukizwa wiki iliyopita hana kingamwili bado. Atapimwa, atapewa karatasi safi, na atapelekwa mnadani. Ndiyo sababu waliokutana na mgonjwa hupimwa tena baada ya siku 60. Mtu yeyote aliyewahi kupima UKIMWI na kuketi kwa mshauri nasaha akiambiwa arudi baada ya miezi mitatu anaijua hesabu hiyo.

Ufanano huo si wa kubahatisha. Mwaka 1983 kundi la Françoise Barré-Sinoussi na Luc Montagnier katika Taasisi ya Pasteur, Paris, lilipata kirusi kipya kutoka kwa mgonjwa mwenye tezi zilizovimba, na walipotafuta jamaa zake katika ulimwengu wa wanyama, walimkuta farasi. Mwaka 1984 walichapisha ushahidi kwamba kirusi hicho, ambacho leo tunakiita VVU, kina undugu na kirusi cha anemia ya farasi katika umbo na katika namna kingamwili zinavyokitambua. Virusi vyote viwili ni vya jamii ya lentivirusi: vinaingia polepole, vinajificha ndani ya chembe za urithi za seli, vinabaki maisha. Ugonjwa ulioandikwa na Lignée ulikuwa umewasubiri watafiti wa UKIMWI kwa miaka 140.

Katika kuudhibiti ugonjwa wa farasi, China ilichagua njia nyingine. Shen Rongxian na wenzake katika taasisi ya utafiti wa mifugo ya Harbin walikidhoofisha kirusi kwa kukipitisha mara nyingi kwenye seli nyeupe za punda, na wakapata chanjo hai. Mamilioni ya farasi, nyumbu na punda walichanjwa hadi mwishoni mwa miaka ya 1980, na ugonjwa ukarudi nyuma. Ni mafanikio makubwa ambayo nchi nyingi hazikuyaiga, kwa sababu moja iliyo wazi: farasi aliyechanjwa ana kingamwili, na sahani ya jeli haiwezi kumtofautisha na mgonjwa. Nchi iliyojenga udhibiti wake wote juu ya kipimo haiwezi kuchanja. China yenyewe iliacha kuchanja takriban mwaka 1990, ikarudi kupima.

Ireland haikuwahi kuwa na ugonjwa huu hata siku moja mpaka Juni 2006, ulipozuka kwa watoto wa farasi wa kizazi cha bei kubwa. Walikuwa wamepewa plazma kuimarisha kinga zao, iliyoingizwa kutoka Italia bila kibali, na plazma hiyo ilikuwa na kirusi. Hakukuwa na pange wa kulaumiwa mwanzoni. Ulikuwa mkono wa daktari, kwa nia ya kuwasaidia. Katika hospitali ya farasi iliyopokea baadhi ya wagonjwa, wengine waliambukizwa kwa njia iliyowafanya wachunguzi washuku hata damu iliyotawanyika hewani. Udhibiti ulikuwa ule ule wa Coggins: pima, tenga, pima tena, uwaue waliokutwa nao. Ulifaulu.

Huko Marekani, farasi zaidi ya milioni moja hupimwa kila mwaka, na wanaokutwa na kirusi mara nyingi hawazidi makumi. Kipimo cha ELISA, kinachotoa jibu siku hiyo hiyo, kimechukua sehemu ya kazi ya jeli, lakini farasi anayeshukiwa hupelekwa kwenye sahani ya zamani kwa uthibitisho. Sehemu kubwa ya wanaokutwa miaka ya karibuni ni farasi wa mbio fupi wa jamii ya Quarter Horse, hasa wale wanaokimbizwa kwenye viwanja visivyosajiliwa, ambako sindano na mirija hutumiwa kwa farasi zaidi ya mmoja, na damu au dawa kutoka nje huingizwa kwenye mishipa bila karatasi yoyote. Kesi kama hizo zikigundulika, maofisa hufunga shamba, huchota damu ya kila farasi aliyekuwa humo, na kuhesabu siku 60 kabla ya kurudi kuchota tena, kwa sindano mpya kwa kila farasi.